Binti wa Dobi Hasikii

Tarehe 4 Februari

Mama yangu,

Shikamoo. Huku sote wazima. Mama mdogo analalamika mgongo, lakini mgongo wenyewe humuuma pale tu maji yanapotakiwa kuchotwa. Barua hii nampa mjomba wa mboga, kwa sababu ulituonya kwamba zinazopitia getini hapo Ikulu husomwa kabla hazijamfikia mwenyewe. Yeye atakutilia mkononi akija kuteremsha kabichi zake jikoni.

Nina mawili. La kwanza ni baba. Tangu mwaka uanze hajaandika hata mstari, na zamani hakuacha, tena alikuwa akichora gari pembeni mwa karatasi ili nicheke. Wewe uko naye humo humo. Najua hamruhusiwi kujuana, kwamba hapo mume na mke hawaajiriwi pamoja, ndiyo maana ulijiandikisha mjane na yeye akajiandikisha kapera. Sitaropoka. Lakini ukipishana naye mwambie mwanawe anamuuliza.

La pili, nimesikia wanatafuta msichana wa kupeleka chai ghorofani kwa Mkubwa. Shule nimemaliza, nakaa tu hapa nikigombana na kuku wa mama mdogo. Chai najua kuipika, adabu ninayo nikitaka. Nitajie jina, mama. Tutakuwa watatu chini ya paa moja, hata kama tutapishana kama watu wa stendi.

Mwanao mwenye mdomo,
Chiriku

*

Tarehe 12 Februari

Chiriku,

Marahaba. Jibu ni hapana, na usilirudie swali.

Baba yako amehamishwa. Wamempeleka kuendesha magari ya kituo cha mpakani, mbali, na huko hakuna mjomba wa mboga. Ni mzima. Anakusalimu.

Kuhusu kazi: wewe unaongea hata usingizini. Humu kulikuwa na msaidizi wa mpishi, alicheka wakati Mkubwa anahutubia redioni. Hakuicheka hotuba, alicheka kitunguu kilichomponyoka mkononi kikabingirika mpaka kwenye viatu vya mlinzi. Kesho yake vitunguu vilikatwa na mtu mwingine, na wa kwanza hatukumwona kuja kuchukua hata kandambili zake. Watu wa ghorofani ndio hawakai kabisa. Msichana wa chai aliyekuwepo aliondoka hivyo hivyo, na wa kabla yake pia. Watu wa chini tunadumu kidogo kwa sababu sisi tunaongea na shuka.

Msaidie mama yako mdogo. Tafuta kazi ya dukani, ukauze sabuni, uongee na wateja mpaka wakimbie.

Mama

*

Tarehe 19 Februari

Mama,

Nimekuelewa. Mimi ni mropokaji, nitakuaibisha mbele ya wakubwa.

Kuhusu baba sijakuelewa. Mtu anahamishwa, hata kuaga hana nafasi? Baba huyu huyu anayerudi kutoka mlangoni kwa sababu hajamuaga paka? Kuna kitu hukisemi, na kama wewe hukisemi nitakuja kukiuliza mwenyewe.

Kwa hiyo usikasirike, ingawa najua utakasirika. Nilikwenda ofisi ya ajira mjini, nikaandika jina langu kwenye nafasi ya msichana wa chai. Fomu ilipouliza kama nina jamaa anayefanya kazi Ikulu nikaandika ndiyo, Dobi, mama yangu mzazi. Yule karani alipoisoma alibadilika sura palepale, akanisogezea kiti.

Chiriku

*

Tarehe 27 Februari

Mdogo wangu,

Isome barua hii ukiwa peke yako, kisha uitie motoni.

Shemeji yako amekufa. Hakuna mpaka wala kituo. Mwanzoni mwa Januari Bi Funguo, msimamizi wa nyumba, alinitupia furushi la sare akasema, “Toa madoa, ziba tundu, sare hizi atavaa dereva mpya.” Nikalifungua. Namba za sare zote za humu nazishona mimi, ndani ya ukosi, na ya kwake nilikuwa naipitisha uzi mara mbili, mapenzi tu. Ilikuwa ya kwake. Tundu lilikuwa mgongoni.

Bi Funguo alikuwa amesimama palepale ananiambia na mapazia ya ukumbini yana vumbi. Nikajibu, “Ndiyo, Bi Funguo.” Kwao mimi ni mjane tangu siku niliyoingia. Nimefiwa nikiwa nimesimama kwenye beseni, na mikono imejaa povu.

Suruali nimeifua, koti nimelifua. Shati halikwenda majini. Nimeshona jingine kwa kitambaa cha stoo, nikalitia namba ile ile, nikawapa. Lile la kwake ninalo. Sikupewa mwili wala kaburi, na mimi pia ni mtu, lazima niwe na kitu cha kukililia.

Chiriku asijue. Akijua atapiga ukunga utakaosikika mpaka getini. Nilimkataza asije, naye akaenda kujiandikisha! Juzi Bi Funguo akaniita: “Dobi, kumbe una binti.” Ningesema ni mvivu, wangemfunza. Ningesema ni mgonjwa, wangemtibu. Ulimi ukanitangulia: “Bi Funguo, mwanangu hasikii. Aliugua homa kali akiwa mdogo, masikio yakaziba. Anasema kidogo, anasoma, lakini hata ngoma ukimpigia kichwani hasikii.” Akanitazama, akaandika kitu, akasema, “Pole.”

Nimelimaliza. Nani atamtaka kiziwi ghorofani, pale wanapoita kwa kengele? Mtoto atakasirika, atanichukia kidogo, ataishi.

Dada yako

*

OFISI YA MSIMAMIZI WA NYUMBA
Tarehe 3 Machi

Kwa walezi wa binti wa Dobi,

YAH: NAFASI YA MHUDUMU WA CHAI, GHOROFANI

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Ninayo furaha kuwajulisha kwamba binti yenu amekubaliwa. Tumearifiwa kuhusu upungufu wake wa kusikia. Upungufu huo si kikwazo. Baada ya kutafakari na kushauriana na wahusika wa ulinzi, imeonekana kuwa ndio sifa ambayo nafasi hii imeikosa kwa muda mrefu.

Gari litamfuata Ijumaa. Aje na nguo mbili na viatu visivyo na kisigino.

Wenu katika utumishi,
Msimamizi wa Nyumba

*

Tarehe 4 Machi

Mwanangu,

Nimejipalia makaa, na yamekuangukia wewe. Niliwaambia hausikii ili wakukatae. Kumbe kiziwi ndiye waliyekuwa wakimtafuta. Sikuliwaza hilo hata kidogo, na nimekaa katika nyumba hii miaka yote hii. Ukikataa kuja watauliza kwa nini, na ofisi ya ajira wanakujua sura. Kwa hiyo kuanzia unapoisoma barua hii, wewe husikii.

Sikiliza vizuri. Usizibe masikio, wala usijaribu kutosikia, hakuna mtu anayeweza. Sikia kila kitu, ila shingo yako isijue. Shingo ndiyo itakayokuuza. Macho nayo: mtu akisema nyuma yako, macho yako yabaki kwenye kazi. Akikuchekesha, usicheke mpaka uone wengine wanacheka. Ukiongea, ongea kwa sauti nzito iliyonyooka, maneno machache. Najua kwako hilo ndilo gumu kuliko yote.

Na kuhusu baba, usimuulize mtu yeyote humu ndani. Mtu yeyote. Nimekupigia magoti.

Mama

*

Tarehe 8 Machi

Dada,

Gari lilikuja likamchukua. Kijiji kizima kilitoka kuangalia, na jirani yetu yule asiyetupa chumvi akaja kunipongeza kwa kunikumbatia.

Tulimfanyisha mazoezi mpaka mimi mwenyewe nikawa kiziwi. Nilijibanza nyuma ya mlango na mifuniko ya sufuria, nikaigonga, kuku wakakimbilia kwa jirani. Siku ya kwanza aliruka kila mara. Siku ya pili akaanza kuruka kidogo kidogo. Nikaona mifuniko haitoshi, nikaanza kusema maneno: “Chiriku, maziwa yanamwagika.” “Chiriku, yule kijana wa baiskeli anapita.” Hapo kwenye baiskeli ndipo alipoanguka mara nyingi. Mwishoni nikamwambia nyuma ya kisogo, “Mama yako anaumwa sana.” Akaendelea kumenya viazi. Nilipozunguka mbele nikamwona machozi yanadondokea kwenye viazi, lakini shingo haikugeuka. Nikamkumbatia, nikamwambia basi, inatosha.

La baba yake sikumwambia, ulikataza. Linanikaa kooni kama mwiba wa samaki. Kwenye gari alinipungia mkono, na mimi mjinga nikamwita, “Nenda salama!” Hakugeuka. Dereva alikuwa anamwangalia kwenye kioo.

Mdogo wako

*

Tarehe 25 Machi

Mama,

Nakuona kutoka dirisha la chumba cha chai. Unapoanika shuka unaweka vibanio mdomoni, hujaacha tabia. Wamesema watu wa ghorofani hatushuki ua wa kufulia, kwa hiyo hii naiweka ndani ya foronya, ile yenye ua jekundu, na wewe nijibu kwenye foronya safi yenye ua hilo hilo. Kitanda hicho nakitandika mimi.

Daktari wa nyumba alinipima. Aliangusha sinia la chuma nyuma yangu. Mifuniko ya mama mdogo ilikuwa na kelele zaidi. Akapiga makofi sikioni. Kisha mjanja yule akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, “Kuna mjusi begani mwako.” Mama, unanijua mimi na mijusi. Nilisimama. Nilihisi miguu yake, mkia wake, kila kitu, na mjusi mwenyewe hayupo. Akaandika kwenye karatasi kwamba sisikii hata radi.

Bi Funguo ananiandikia kwenye kibao kwa chaki. Anaandika vizuri kuliko anavyosema. Wenzangu wananisengenya mbele yangu, nimejua mengi kuhusu nywele zangu.

Mkubwa si kama kwenye picha. Ni mzee, mashavu yamelegea, anavaa soksi mbili kwa baridi. Siku za kwanza hakunitazama. Sasa akiwa peke yake na mimi anaongea. Ananiambia anavyoota, nani amemchosha, jinsi mke wake anavyotafuna. Anafurahi kama mtu anayekojoa baada ya safari ndefu, samahani mama. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Humu naona ni kinyume, mguu unavunjika ukisikia.

Kuhusu baba bado sijasikia lolote.

Chiriku

*

Tarehe 2 Aprili

Mwanangu,

Barua zako zichome, mshumaa wa meza ya chai unatosha. Usinitazame dirishani muda mrefu. Na mzaha wako upunguze, ingawa ule wa safari ndefu ulinichekesha mpaka wenzangu wakauliza nina nini.

Kula. Wa ghorofani mnapewa mabaki mazuri, usione haya.

Baba yako amepata mtu wa kumletea salamu. Anasema huko mpakani kuna upepo, lakini amepata chumba kizuri na paka amemzoea.

Kuna kisa kidogo, usikitilie maanani. Dereva mpya amelalamika kwamba shati alilopewa linambana makwapani. Bi Funguo akalichukua, akaligeuza, akauliza mbona mgongoni hakuna kiraka. Nikamjibu niliunganisha kwa uzi mwembamba hakionekani. Ameondoka nalo. Mimi fundi mzima, miaka yote hii, nimeshona shati jipya badala ya kuliziba lile la zamani lililotoboka, nikasahau kulitoboa na kulitia kiraka! Lakini ni shati tu, litasahaulika.

Mama

*

Tarehe 20 Aprili

Mama mdogo,

Hii imepita kwa mjomba wa mboga, nikiwa nimeshuka jikoni kuchukua tangawizi. Haikupita kwa mama, na usimwambie chochote kilichomo.

Baba amekufa. Nimeambiwa na Mkubwa mwenyewe.

Alikuwa na mafua, anadai chai ya malimau. Akaanza kulalamika kuhusu watu waaminifu. Akasema, kama nilivyoyasikia, mama mdogo, siongezi: “Watu waaminifu ndio watakaoniua. Nilikuwa na dereva hapa mpaka mwaka mpya. Alimpeleka waziri wangu mmoja shambani. Waziri akabaki huko. Dereva akakuta koti la waziri limesahaulika kiti cha nyuma, akalikunja vizuri, akaja nalo mpaka mezani kwangu, nina wageni: ‘Mkubwa, koti la mheshimiwa nimpelekee nyumbani kwake, au atalifuata mwenyewe?’ Mbele ya wageni! Mtu kama huyo unamfanya nini? Alikuwa dereva mzuri.” Akapuliza chai. “Alikuwa dereva mzuri sana,” akasema tena, akaniashiria niongeze.

Nikaongeza. Nilimimina mpaka pale ninapoishia kila siku, nikafuta mdomo wa buli kwa kitambaa. Mwili wangu ulifanya kazi yake, mimi sikuwepo. Nilichokuwa nakiona ni baba, anavyokunja nguo, anavyonyoosha mikono ya koti kwanza kisha ukosi. Alikuwa akikunja hivyo hata sare zangu za shule. Ameuawa kwa adabu yake.

Mama anaamini yuko mpakani. Juzi tu ameniandikia habari za upepo na paka. Nani anamletea salamu hizo za uongo, simjui, lakini zinampa nguvu ya kuamka. Sitamnyang’anya. Akiniuliza nitasema sijasikia.

Chiriku

*

Tarehe 6 Mei

Mama,

Acha kila kitu. Soma hii, kisha toka na mjomba wa mboga leo hii, lala chini ya magunia, usirudi hata kuchukua kanga.

Leo asubuhi Kepteni wa walinzi alikuja mezani nikiwa namimina. Alikuwa na lile shati. Akasema, “Mkubwa, sare ya yule dereva ilikuwa na tundu. Hii haina. Dobi alitupatia nyingine akaficha ile. Tumeikuta ndani ya godoro lake, haijafuliwa.” Mkubwa akauliza, “Ya nini?” Kepteni akasema, “Mwanamke hafichi shati la mtu baki. Nimefuatilia. Alikuwa mumewe.”

Mimi nikapanga vijiko. Kisha Mkubwa akauliza, “Na huyu?” Hakunionyesha kidole, lakini nilijua. Kepteni akasema, “Huyu ni binti yao. Nashauri waende pamoja.” Mkubwa akafikiri, mama, akafikiri kama mtu anayechagua nyama. Akasema, “Huyu hasikii, hajui lolote. Nimemzoea. Mama yake mchukue Alhamisi, baada ya wageni kuondoka, shuka zao zinahitaji kufuliwa.”

Hivyo ndivyo alivyosema. Shuka zao zinahitaji kufuliwa.

Najua sasa kwamba la baba ulilijua. Nami nililijua, nilikuficha. Tutalizungumza siku nyingine, tutalia siku nyingine. Leo toka.

Chiriku

*

Tarehe 6 Mei

Mwanangu,

Nimeisoma, nimeichoma chini ya pasi.

Siendi.

Tuliza moyo unisikilize, kwa sababu nimelipima hili huku nikinyoosha shuka za wageni, na kila nikilipima linaangukia palepale. Maneno ya Kepteni yalisemwa chumba gani? Mlikuwa watatu. Mkubwa hatanionya. Kepteni hatanionya. Kesho wakikuta Dobi ameondoka, watauliza nani alimwambia, na hawatauliza mara mbili. Nikitoka getini natoka na masikio yako mkononi.

Kutoka wote wawili haiwezekani. Wewe huvuki ngazi ile ya kushukia uani bila mlinzi, na mjomba wa mboga siku hizi wanampekua magunia kwa vyuma vyenye ncha. Nisingekuambia hili, lakini usije ukanifikiria kwamba sikutafuta njia.

Kumbe ulijua ya baba yako. Niliposoma hapo nilikaa chini sakafuni. Mimi nakutungia paka na upepo, wewe umembeba maiti moyoni na bado unaniandikia “sijasikia lolote”. Nani alikufundisha? Sikutaka ujue kwa njia ile, kutoka mdomo ule. Nilitaka nikuambie mwenyewe, nyumbani, nimekushika. Hilo ndilo linaloniuma, kuliko Alhamisi.

Usijilaumu kwa kuniambia. Ulifanya anavyofanya mtoto. Na mimi nafanya anavyofanya mama, hakuna shujaa hapa. Nina hofu.

Watanipitisha uani, maana hakuna njia nyingine ya kwenda kwenye magari, na utakuwa dirishani kwa sababu ni saa ya chai. Mkubwa hatatazama nje. Atakutazama wewe, na Kepteni pia kama yupo. Wanaweza hata kufungua dirisha makusudi. Nitajitahidi nisipige kelele, lakini mimi ni mtu, siahidi. Lolote utakalosikia, chai iende kikombeni.

Ukipata siku ya kutoka humo kwa usalama, hata baada ya miaka, toka. Lakini usitoke mbio.

Nakupenda. Nilikuambia unaongea sana, na hakuna sauti niliyoipenda kama hiyo.

Mama

*

Tarehe 19 Mei

Mama mdogo,

Kwanza la lazima. Usiweke msiba. Usivae nyeusi, usipokee watu, usimwambie hata jirani. Ukiweka msiba wataleta gari kukuuliza nani alikupa habari, na habari zote zinaishia kwangu. Mtu akiuliza, dada yako yuko kazini. Ukitaka kulia, lia ukimenya vitunguu. Naona aibu kukuambia hivyo, lakini fanya hivyo.

Mama alijua. Nilimwandikia akimbie, akakataa kwa ajili yangu, kwa sababu kukimbia kwake kungewaonyesha kwamba nasikia. Barua yake ya mwisho sikuichoma alivyonifundisha. Niliitafuna, nikaimeza.

Walimpitisha Alhamisi. Mkubwa alikuwa na Kepteni mezani, na dirisha lilikuwa wazi, mama alilitabiri hata hilo. Nikasikia viatu vya walinzi, na katikati yake kandambili zake. Nilikuwa nimejiandaa kwa ukunga. Hakupiga. Alimwita mwenzake wa kufulia kwa sauti ya kazini, ile ya kukemea: “Shuka za kwenye kamba ya nyuma bado mbichi, msizikunje! Zitanuka!” Mama mdogo, alikuwa anaongea na mimi. Alitaka niisikie sauti yake ikiwa nzima. Kisha mlango wa gari.

Kepteni hakutazama nje. Alikuwa ananitazama hapa, kwenye shingo. Nikamimina. Kikombe cha Mkubwa kwanza, halafu cha Kepteni. Nikamuuliza Kepteni kwa kidole kama anataka sukari, akasema mbili, nami nikasubiri mpaka aninyooshee vidole viwili ndipo nikatia. Mkubwa akacheka akamwambia, “Nilikuambia.”

Baada ya hapo nikaendelea na siku. Nilitandika, nilipangusa, nilikula. Nilikuwa natafuta mahali pa kulia, sikupata. Chumba tunalala wanne, bafu halina komeo, na mtu asiyejua kwamba amefiwa akikutwa analia ataulizwa analilia nini. Wenzangu walikuwa wanalizungumza kitandani, wakanionea huruma kwa sauti kubwa, “Maskini, na yeye hajui.” Mmoja wao alilia. Nami nikamtazama kama anayeshangaa, nikampa kitambaa changu.

Leo, wiki imekwishapita, Bi Funguo aliniita ofisini. Akachukua kibao, akaandika, akafuta, akaandika tena. Akanigeuzia: Mama yako amekwenda likizo. Atachelewa kurudi.

Nikakisoma polepole, kama mtu anayelipata neno kwa mara ya kwanza. Nikatabasamu. Nikamwambia, kwa ile sauti yangu nzito, “Asante, Bi Funguo. Amechoka sana mama, anahitaji kupumzika.”

Akageuka ukutani. Mimi nikachukua sinia langu, nikapandisha chai.

Mwanao,
Chiriku